Miaka Miwili ya Ukarabati

Ikulu, 3 Februari

Shangazi mpendwa,

Shikamoo. Natumai mgongo umepoa. Nakuandikia kwa sababu simu umeikataa: umesema sikio la kulia limestaafu na la kushoto liko likizo, basi mimi nifanyeje? Tutaandikiana kama watu wa zamani.

Habari kubwa ni kwamba kazi nimepata. Mimi, Chiriku wako, uliyekuwa ukiniziba mdomo kwa pindo la gauni, nimepewa kuandika kitabu cha historia ya Ikulu. Kitabu kinene, chenye picha, cha kupewa wageni wa serikali. Kitazinduliwa Agosti, siku ambayo wananchi wataruhusiwa kuingia kuitazama nyumba kwa mara ya kwanza. Chuo ninachofundisha kimenipa ruhusa mpaka hapo.

Meza yangu wameiweka ndani ya ukumbi wa karamu kwa sababu maktaba inavuja. Ukumbi ni mrefu, una taa za vioo ambazo haziwashwi mpaka aje mgeni. Nikipiga chafya, chafya inakwenda mpaka ukutani, inarudi kunisalimia. Nikienda chooni nasindikizwa na askari. Anasimama mlangoni akikohoa, ili nijue bado yupo.

Msimamizi wangu ni mkuu wa itifaki. Kila mtu anamwita Bwana Itifaki. Kila ukurasa lazima upite kwake, na kalamu yake nyekundu haiishi wino. Juzi niliandika kwamba gavana aliyeijenga nyumba alisahau kuweka choo kwenye ramani, ikabidi wabomoe ukuta uliokwisha kupakwa chokaa. Amekata. Pembeni kaandika: "Nyumba ya Mkuu wa Nchi haitajwi pamoja na choo." Nikamuuliza, kwani wakuu wa nchi hawaendi? Akasema, "Wanakwenda. Lakini si kitabuni."

Linalonikera zaidi ni hili. Kati ya Rais wa kwanza na Jenerali kuna miaka miwili ya yule Rais wa Mpito. Rais wa kwanza nina habari zake za kujaza sura tatu. Jenerali ana sura tano, na picha yake bado imetundikwa juu ya ngazi. Ya Mpito hakuna hata mstari. Bwana Itifaki anasema, "Andika nyumba ilifungwa kwa ukarabati." Ukarabati gani wa miaka miwili usioacha hata msumari mpya? Na jana mama anayepanga maua humu ameniambia kwa sauti ya chini, macho yako mlangoni, "Mimi nimezaliwa humu ndani." Nikacheka. Yeye hakucheka.

Wewe ulikuwa huku mji mkuu miaka ile. Baba alinisimulia ulikuja kujifunza ushonaji. Hukusikia lolote?

Mwanao,
Chiriku

*

15 Februari

Chiriku wangu,

Marahaba. Barua imefika, nimeisoma mara mbili, ya pili kwa miwani. Hongera sana. Nimewaambia wateja wote, hata wasiouliza. Mwalimu mkuu aliyekuja kupunguza suruali akasema atakinunua. Nikamwambia hicho si cha kuuzwa, ni cha wageni wa serikali, akaondoka amenuna.

Mimi mzima. Kuna bibi harusi ameongezeka mwili tangu nimpime, na mama yake anasema kosa ni la futi yangu.

Hayo ya miaka ya Mpito siyajui. Nilikuwepo mjini, ndiyo, lakini fundi haoni ila kitambaa. Na watu husema mengi. Mtu akizaliwa karibu na Ikulu, akikua anasema kazaliwa Ikulu. Wewe andika bustani, nasikia ni nzuri. Andika na hiyo ngazi. Ukimwamsha aliyelala, utalala wewe.

Ila hiyo meza, omba ihamishwe. Ule ukumbi una baridi, hasa upande wa madirisha yanayotazama bustani, na kifua chako nakijua. Omba hata korido.

Shangazi yako

*

Ikulu, 9 Machi

Shangazi,

Shikamoo. Nimechoka, na mwaka hata haujakolea.

Sura ya gavana imerudi tena. Safari hii nimekatiwa mchwa. Mchwa walikula sakafu ya chumba cha gavana mpaka kitanda kikatumbukia jikoni na mwenyewe akiwa juu yake, mpishi akamwuliza kama atakunywa chai hapo hapo. Gavana mwenyewe alikuwa akilisimulia hilo kwa wageni wake na kulicheka. Bwana Itifaki anasema, "Nyumba ya Mkuu wa Nchi haina mchwa." Nikamwambia huyo alikuwa gavana, hakuwa Rais. Akafikiri, akasema, "Nyumba ni ile ile." Kisha akaongeza, bila kutabasamu, "Na mchwa labda ni wale wale." Tangu nimjue, hilo ndilo neno pekee alilosema kama mtu.

Nimeifuatilia ile miaka miwili. Mama wa maua alinipeleka kwa mama yake. Bibi aliposikia neno Ikulu alianza kukunja nguo ambazo zilikwisha kukunjwa, akazikunja zote, akaanza upya, mpaka nikaaga. Nikaenda hospitali kuu. Mganga mkuu akasema yeye mgeni, kahamia juzi. Nikaenda chuo cha wauguzi. Wakasema nilete barua kutoka Ikulu. Nikarudi Ikulu kuomba barua. Wakaniuliza barua ya nini. Nikawaambia. Wakasema kwa hilo nipate kwanza kibali cha chuo cha wauguzi.

Na wewe, Shangazi. Nimeisoma tena barua yako. Umejuaje kwamba baridi iko upande wa madirisha ya bustani? Mimi sikukwambia kama kuna madirisha.

Chiriku

*

20 Machi

Chiriku,

Nyumba zote kubwa zina madirisha, na nyumba zote zenye madirisha zina baridi. Hilo nalo linataka mwanahistoria?

Umeniuliza mara mbili nami nimekujibu mara mbili. Usiniulize ya tatu. Nimekulea na kukusomesha kwa sindano, sijakuomba kitu. Leo nakuomba. Andika wanachotaka, chukua ujira wako, urudi nyumbani.

Bibi harusi ameolewa. Zipu ilihimili mpaka hotuba ya mwisho.

Shangazi

*

Ikulu, 18 Aprili

Shangazi,

Shikamoo naitoa kwa kuwa ndivyo ulivyonilea, lakini moyo hautaki.

Bwana Itifaki aliniletea dereva mstaafu anisimulie magari ya marais. Mzee mchangamfu, wanamwita Breki kwa sababu katika utumishi wake wote hajagonga hata kuku. Tukakaa kwenye banda la magari. Akanieleza habari za gari jeusi la Rais wa kwanza, ambalo halikuwa na nguvu ya kupanda kilima, ikawa askari wanalisukuma kwa nyuma huku Rais anapunga mkono mbele. Nikacheka mpaka machozi. Nikamuuliza, "Na miaka ya Mpito uliendesha gari gani?"

Akaangalia nyuma yake. Akasema, "Ambulensi."

Basi yeye ndiye aliyeniambia. Kwamba mto ulifurika ukaingia hospitali ya wazazi, tope likapanda mpaka kwenye magodoro. Kwamba Rais wa Mpito na mkewe hawakuhamia Ikulu, walibaki nyumbani kwao, na mkewe akasema: kuna jumba huko kilimani lina vitanda, lina maji, na hakuna anayelala ila askari, wanawake wajifungulie barabarani kwa nini? Wakafungua milango. Ukumbi wa karamu ukawa wodi. Watoto wamezaliwa chini ya zile taa za vioo miaka miwili, Shangazi, miaka miwili ya ukarabati!

Nikamuuliza nani aliongoza wodi. Akasema, "Mkunga wetu mmoja hodari. Tulimwita Fundi, maana mama akichanika alimshona mtu asijue palipochanika. Na wewe binti, tangu ulipoingia bandani najiuliza, huyu anatembea kama nani? Unatembea kama Fundi."

Laiti ningeondoka. Nilikaa, naye akaendelea. Akasema siku Jenerali alipochukua nchi kuna mama alijifungua humo akavuja damu mpaka akafa, na wiki ile ile mumewe akasimama redioni akatangaza kwamba mkewe ameuawa na mkunga. "Na kilichotuuma zaidi," akasema, "huyo mume alikuwa mdogo wake Fundi. Tumbo moja."

Shangazi, wewe ulikuwa na mdogo mmoja tu. Naye alikuwa na mke mmoja tu.

Mama alikufa kwa homa, nyumbani, kabla sijaanza kutambaa. Hivyo ndivyo mlivyoniambia, wewe na baba, mmeniangalia usoni. Nimekulia chini ya cherehani yako, nimeokota pini zako, nikijua wewe ni mshonaji tangu kuumbwa. Nami hapa, tangu Februari, nakunywa chai na kupanga karatasi katika chumba hicho hicho, na wewe unaniandikia habari za kifua changu!

Nijibu. Na usiniandikie habari za zipu.

Chiriku

*

Ikulu, 12 Mei

Shangazi,

Karibu mwezi unakwisha tangu nikuandikie. Nimempigia jirani yako muuza vitambaa. Anasema upo, unashona, huli vizuri, huongei na mtu. Nilitaka nipande basi nije, Bwana Itifaki akaninyima ruhusa kwa sababu sura ya bustani haijakamilika. Nilimwambia anachoweza kuifanyia hiyo bustani.

Kama umeamua kunyamaza mpaka kaburini, basi nishone na mimi mdomo, tuwe sawa.

Chiriku

*

25 Mei

Mwanangu,

Barua hii nimeianza nikaichana, nikaianza tena. Nisamehe mwandiko.

Ni kweli. Nilikuwa mkunga. Na nilikuwa mkunga mzuri, hilo nalo uliandike mahali.

Mama yako alipanda kile kilima asubuhi kwa miguu, analaumu kila jiwe. Baba yako alikuwa kazini. Ulizaliwa mchana, vizuri, bila shida yoyote. Damu ilianza baadaye, ikakataa kukoma. Nilifanya yote ninayoyajua. Nikamwambia Breki awashe gari akachukue damu hospitali kuu. Si mbali, angekwenda na kurudi chai haijapoa. Akarudi kwa miguu, kaliacha gari langoni. Askari wamefunga lango.

Hatukujua kwamba serikali imeanguka. Tulisikia milio mjini tukadhani wanapasua mawe. Nikashuka mwenyewe, aproni yangu ina damu ya wifi yangu. Langoni kulikuwa na kijana mwenye bunduki. Akasema, "Mama, amri ni kwamba asitoke mtu." Nikamwambia, sitaki kutoka, nataka damu iingie. Akasema amri haikutaja damu. Nikapiga magoti, mwanangu, mimi ambaye sijampigia mtu magoti. Hakuwa mtu mbaya. Alikuwa analia. Lakini hakufungua.

Niliporudi mama yako alikuwa amekwisha pauka. Alikwenda nimemshika mkono.

Jioni waliwatoa wanawake wote. Wengine wana watoto wa siku moja, wakateremka kilima wamejifunga mashuka ya Ikulu. Wewe walikubakiza. Baba yako alipokuja, aliambiwa mtoto yuko salama, ila kwanza kuna maneno ya kusema redioni. Jenerali alikuwa anatafuta sababu ya kuichukua nchi, na hapa amekuta maiti ya mwanamke ndani ya Ikulu; angeiacha? Maneno waliyaandika wao: kwamba Rais wa Mpito kageuza nyumba ya taifa machinjio, na kwamba mkunga alikuwa amelewa. Mimi, ambaye hata dawa ya kikohozi inanipiga chini! Kuhusu lango, hakuna neno.

Baba yako akayasoma. Wakampa wewe.

Mimi walinifunga, si kwa muda mrefu, wakanifutia leseni. Nilipotoka nikahamia huku ambako hakuna anijuaye, nikanunua cherehani. Siku moja nasikia hodi. Ni yeye, na wewe begani. Akasema, "Dada," akashindwa kuendelea. Nikakuchukua, nikamwambia, ingia, chai ipo. Tangu siku hiyo mpaka anakufa hatukulizungumza. Aliniomba kitu kimoja tu, kwamba wewe usijue. Ndiyo maana hata siku yako ya kuzaliwa tuliisogeza mbele, mtu asije akailinganisha na siku ya mapinduzi akaelewa.

Sikunyamaza kwa kumwogopa Jenerali. Huyo alikwisha kufa na mimi nashona. Nimenyamaza kwa sababu ulimpenda baba yako, na alistahili kupendwa. Alikununua kwa maneno, na maneno yenyewe yalikuwa jina langu. Ningekuwa na jina la pili ningempa na hilo.

Shangazi yako

*

Ikulu, 8 Juni

Shangazi yangu,

Shikamoo, na hii ya leo inatoka moyoni.

Nimelia, hilo lilikuwa rahisi. Kinachonishinda ni hasira, kwa sababu kila nikitafuta pa kuiweka napakuta pamejaa. Nimkasirikie baba? Alielekezewa bunduki mgongoni, na mtoto wake yuko upande wa pili wa mlango. Nikukasirikie wewe? Nimejaribu, nimefika mpaka kwenye "ingia, chai ipo," nikashindwa. Yule kijana wa langoni sijui hata kama yu hai. Na hata siku yangu ya kuzaliwa si yangu. Miaka yote hii nimepokea salamu siku ya watu wengine.

Sikuihamisha meza. Nilimuuliza Breki vitanda vilikaaje, na cha mama kilikuwa wapi, akanionyesha, nikaisogeza mpaka madirishani. Baridi ipo, ulisema kweli. Hapo ndipo nilipoiandika sura. Nimeandika mto, tope, mke wa Rais wa Mpito, wanawake waliopanda kilima. Mama wa maua amekubali kusema, na mama yake pia, baada ya kuacha kukunja nguo. Nimeandika lango.

Lakini ukurasa wa redio nimeuacha mtupu. Nikiandika alichosema baba bila kusema kwa nini, nimemuua. Nisipoandika, wewe utabaki mkunga mlevi kwa wote wanaokumbuka, na wapo wengi kuliko nilivyodhani. Niambie nifanye nini. Sipeleki ukurasa mpaka nipate neno lako.

Chiriku

*

21 Juni

Mwanangu,

Marahaba.

Andika yote. Mwanzoni nilitaka kukwambia uache jina la baba yako nje, nikaenda kulala na hilo, asubuhi likanikaa vibaya. Tumemficha mpaka tumemfanya aonekane mwenye hatia. Andika alichosema, kisha andika bei aliyotajiwa. Mwenye mtoto ataelewa. Asiye na mtoto atamuuliza mama yake.

Na hilo la ulevi likanushe kwa sauti. Weka hata dawa ya kikohozi.

Juzi nilimwambia jirani muuza vitambaa kwamba nilikuwa mkunga. Nilidhani ataanguka. Akasema, "Nilijua tu una jambo, mikono yako inakagua kila tumbo linalopita." Miaka yote hiyo najificha nyuma ya cherehani, kumbe mikono imenichongea!

Ila usitarajie makubwa. Nawajua watu wa nyumba ile. Watakata.

Shangazi

*

Chuoni, 30 Julai

Shangazi,

Shikamoo. Ona juu ya barua: siko Ikulu tena.

Wamekata. Lakini sikiliza walivyokata.

Bwana Itifaki alikaa na sura yangu karibu mwezi mzima. Kila nikiuliza, "Inasomwa." Mwishowe akaniita ofisini, akafunga mlango mwenyewe. Kurasa ziko mezani na hazina hata alama moja nyekundu. Nikadhani nimeshinda.

Akasema, "Sura nzuri. Haiwezi kuingia."

Nikamuuliza ni kipi ndani yake si kweli. Akasema, "Sijasema si kweli. Mke wangu amezaliwa humo, kitanda cha pili kutoka mlangoni. Mama mkwe anaadhimisha kila mwaka."

Anajua! Shangazi, anajua, na mkewe anajua, na askari anayenikoholea mlango wa choo anajua, dada yake mkubwa kazaliwa humo. Nyumba nzima inajua! Nimezunguka mji huu tangu Februari nikiomba kibali cha kuulizia jambo ambalo kila mtu analo kifuani. Nikamuuliza, sasa kwa nini? Akaonyesha kidole juu, kule picha ya Jenerali iliko. Akasema barabara ina jina lake, uwanja wa ndege una jina lake, wanawe wamo serikalini, na kitabu ni cha kumpa mgeni pamoja na shada la maua. "Huwezi kumpa mgeni lango lililofungwa," akasema.

Kisha akanipa kile alichokiita suluhu. Wako tayari kutaja kwamba kipindi kifupi nyumba ilitumika kama zahanati, "na kwa masikitiko wapo wazazi waliopoteza maisha kwa uhaba wa huduma." Basi. Vifo viingie, uzazi utoke. Lango lisiwepo. Yaani yale maneno ya redioni, yamefuliwa na kupigwa pasi, na chini yake jina langu. Walimfanya baba ayasome, sasa wananitaka mimi niyaandike.

Nikamwambia kama ndivyo, warudishe ukarabati wao. Nikachukua sura yangu, nikaandika barua ya kuondoa jina langu kwenye kitabu chote, na gavana wao, na ngazi yao. Alinisindikiza hadi langoni. Tulipofika akasema, "Mchwa nimekurudishia. Wamo sura ya kwanza." Sikujua nimshukuru au nimpige.

Sura ninayo hapa, nimeipeleka kwa wachapishaji wawili. Mmoja kasema nisubiri uchaguzi upite. Wa pili hajajibu. Nitamwandikia tena na tena mpaka achoke, maana mimi nimekwisha kuchoka na bado naandika.

Nisamehe. Nilitaka nikuletee jina lako, nimerudi mikono mitupu.

Chiriku

*

27 Agosti

Mwanangu Chiriku,

Marahaba. Sina cha kukusamehe. Na usinigombeze kwa haya nitakayokwambia, kwa sababu yamekwisha.

Nilikwenda. Siku ya kufungua nyumba kwa wananchi nilikuwa kwenye foleni. Sikukwambia kwa kuwa ungekuja, na ungekuja ungegombana na askari, nami nilitaka kupita.

Langoni nilisimama. Wamepaka rangi mpya, kuna mtu anagawa bendera ndogo. Nikapewa bendera. Watu nyuma yangu wakasema, "Bibi, tembea," nikatembea. Kilima ni kile kile, nikalilaumu kila jiwe.

Ukumbini tuliongozwa na binti mmoja mwenye fulana mpya, sauti nzuri, amekariri vizuri. Akasema, "Ukumbi huu umetumika kwa karamu za kitaifa tangu enzi za gavana, isipokuwa miaka miwili ya ukarabati."

Nikanyanyua mkono. Nikasema, "Mwanangu, mimi nilikuwa fundi wa ukarabati huo."

Akafurahi kweli, maskini. "Kumbe! Bibi, mlikarabati nini?"

Nikasema, "Wanawake."

Watu wakacheka, wakadhani mzee amechanganyikiwa. Yeye akatabasamu, akasema tusogee, kuna kundi nyuma. Nilitaka kupiga kelele, Chiriku. Nimebeba maneno karibu miaka arobaini, nimeyafikisha mpaka mahali penyewe, na ninaambiwa nisogee! Lakini kuna mama mmoja, mtu mzima wa rika lako, hakucheka. Alibaki. Akanifuata mpaka madirishani, akaniuliza taratibu, "Ni wewe Fundi?" Nikamwambia ni mimi. Akanishika mkono, wala hakusema jina lake, akanigeuza kiganja akakitazama kama anayesoma. Kisha askari akatuambia tupite.

Pale kitanda cha mama yako kilipokuwa wameweka meza ya duara, na juu yake vitabu vyao. Nilifungua kimoja. Picha nzuri, karatasi nzito. Nilikitafuta kile kipindi, nikakuta picha ya bustani. Nikakifunga. Nimerudi na hasira yako yote, na yangu juu yake, na mgongo umekataa kabisa.

Kuna neno moja sikukuandikia Mei. Sikutaka likae karatasi moja na habari za lango. Nalo nilikuwa nimelificha kwa sababu ni lako peke yako, na mimi ndiye niliyelisikia, na nilikuwa naona nikilitoa nitakuwa nimemaliza kila nilichobakiwa nacho cha wifi yangu. Sasa nimesimama pale, nimeona meza, basi chukua.

Ulipozaliwa ulilia, si kilio cha mtoto, ulikuwa unalalamika. Wodi nzima iliamka. Wanawake wakaanza kunung'unika, mmoja akasema huyo amekuja na kesi. Nikakufunga nguo, nikakwambia, "Nyamaza wewe, hapa ni nyumbani kwa Rais!" Mama yako alikuwa bado hajaanza kuvuja damu, amekaa, nywele zimemtimka, anacheka mpaka kitanda kinatikisika. Akanyoosha mikono akakupokea. Akasema:

"Mwache, wifi. Huyu ana hoja."

Shangazi yako,
mkunga